Kupanda Heru Juu na Shauri la Marehemu

Kutoka Kasulu mjini bodaboda ilipanda taratibu, migomba na maharage kushoto na kulia, baridi ikazidi kila kona. Heru Juu niliijua kwa kusikia tu: palipokuwa makao ya Mwami wa Heru, nchi iliyowahi kutawaliwa na mwanamke, Mwami Theresa Ntare. Safari yangu ya kwanza huko, nikiwa msaidizi wa kisheria, ilinifikisha msibani.

Mama niliyefuatana naye alikuwa amemshtaki jirani yake Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwa shamba la bondeni. Jirani akafariki kabla ushahidi haujasikilizwa. Njia nzima mama alirudia alichoambiwa sokoni, kwamba kesi imezikwa na mwenyewe. Sivyo. Dai la ardhi halifi. Ila Amri ya 22 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inamtaka mdai mwenyewe aombe mwakilishi wa kisheria wa marehemu aingizwe kwenye shauri, na Sheria ya Ukomo inampa siku 90. Zikipita, shauri linakoma, na hawezi kufungua jingine kwa dai lilelile. Itambidi aombe lifufuliwe, akionyesha sababu ya kutosha.

Mwakilishi huyo ni msimamizi wa mirathi. Kuwa kifungua mimba hakutoshi. Ni lazima mahakama imteue. Ili ateuliwe, kwa kawaida hutakiwa kikao cha ukoo na muhtasari wake, uthibitisho wa kifo, maombi Mahakama ya Mwanzo, kisha tangazo. Karibu yote hayo yamo mikononi mwa wafiwa, ilhali siku zinahesabiwa dhidi ya mdai. Mzigo huo naona ni mzito mno kwa mama anayeishi kwa jembe.

Tulitoa rambirambi kwanza, tukakaa mkekani. Baba mdogo wa wafiwa akasema, "Mwanangu, matanga hatujamaliza."

"Tunajua, baba. Hatukuja kudai leo."

Nikaeleza. Kimya kikawa kirefu, mpaka mmoja wa vijana akauliza kilichokuwa kinawatisha wote: msimamizi akishindwa kesi, atauziwa ng'ombe wake? Nikamjibu hapana. Anajibu kwa mali ya marehemu iliyofika mikononi mwake, si kwa yake, maadamu hakuifuja. Hapo ndipo mazungumzo yalipofunguka. Niliwaambia pia, kwa sauti ya chini, kwamba ukoo usipopendekeza mtu, mahakama inaweza kumteua mwingine mwenye masilahi katika mirathi, au hata mtu baki mwadilifu.

Mjane wa marehemu akamtaja binti yake wa pili, kwa kuwa ndiye aliyetunza karatasi za baba yake. Baba mdogo alisita, akataka kwanza wamsikilize shangazi yao. Wakakubaliana kikao kiwe Jumamosi, bila kungoja arubaini.

Tukiteremka mama akauliza kama basi tungoje barua ya uteuzi. Nikamwambia kesho yake tupeleke Barazani taarifa ya kifo kwa maandishi na kuomba shauri liahirishwe. Barua ikitoka, maombi ya kumwingiza binti yule yafuate siku ileile.