Mama mgonjwa Bahrain, binti mahakamani Delhi

Desemba 2022, zikiwa zimebaki siku chache tu kufika Krismasi, Jacqueline Fernandez alikuwa mahakamani jijini Delhi akiomba jambo ambalo wengi wetu hulifanya bila kumuuliza mtu: kwenda kumwona mama yake mgonjwa.

Wapenzi wa filamu za Kihindi wanamfahamu, na wengi hudhani ni Mhindi. Kumbe ni raia wa Sri Lanka, aliyezaliwa Bahrain, na huko ndiko wazazi wake walikokuwa wakiishi. India alifuata kazi.

Mwaka huo wapelelezi wa makosa ya fedha walimuunganisha katika kesi ya utakatishaji fedha. Walidai alipokea zawadi za gharama kubwa kutoka kwa mwanamume anayetuhumiwa kwa utapeli, huku akijua fedha zilikotoka. Yeye alikana, akisema naye alidanganywa. Novemba alipewa dhamana, lakini kwa sharti: asitoke nje ya India bila ruhusa ya mahakama.

Ndipo likaja ombi la Bahrain. Wapelelezi wakalipinga. Hoja yao ni ile inayosikika kila mgeni anapoomba kusafiri akiwa na kesi: huyu si raia, akishaondoka nani atamrudisha? Jaji hakuonekana kuridhia, na Jacqueline akaliondoa ombi lake mwenyewe. Krismasi ikapita.

Januari 2023 aliruhusiwa kwenda Dubai kwa siku chache za kazi. Agosti mwaka huohuo sharti likalegezwa, akaweza kusafiri bila kuomba ruhusa ilimradi atoe taarifa mapema. Mama yake alifariki dunia Aprili 2025, hospitalini Mumbai. Kesi ilikuwa bado haijaisha.

Mzazi akisoma habari hii, moyo unakwenda upande wa mama. Ni haki yake. Lakini kesi hii ina familia nyingine pia. Anayedaiwa kutapeliwa ni mke wa mfanyabiashara aliyekuwa mahabusu. Inadaiwa alitoa takriban rupia bilioni 2 akiamini maafisa wa serikali watamsaidia mumewe atoke. Naye anasubiri hukumu, na mshtakiwa asiporudi, kusubiri kwake hakuna mwisho. Jaji hukaa katikati ya familia hizo mbili, akijua kwamba kwa sheria mshtakiwa bado hajatiwa hatiani.

Mambo haya hayapo mbali nasi. Hapa Tanzania, mtu anayepewa dhamana na mahakama hutakiwa kusalimisha pasi yake ya kusafiria. Na watoto wetu siku hizi wako Dubai, Muscat, India na China, kwa masomo, biashara na kazi za ndani. Huko wao ndio wageni.

Ikitokea mwanao amekamatwa ugenini, jambo la kwanza ni aombe ubalozi wake ujulishwe. Ni haki inayotambuliwa na Mkataba wa Vienna wa mwaka 1963. Akiwa nje kwa dhamana na msiba au ugonjwa ukatokea nyumbani, asijaribu kuondoka kimyakimya. Aombe kupitia wakili, akiwa na barua ya daktari, tarehe ya kwenda na kurudi, tiketi ya pande zote mbili, anwani atakakofikia na mdhamini atakayebaki. Pia awe amehudhuria kila tarehe ya kesi, maana jaji huangalia hilo.

Na kabla hajaondoka nyumbani, mkalishe umwambie habari ya zawadi. Simu mpya, mkufu, tiketi ya ndege kutoka kwa mtu aliyemfahamu juzi: aulize fedha zimetoka wapi. Asipopata jibu linaloeleweka, arudishe.