Makocha wa Disch-Falk

Majengo mengi ya Chuo Kikuu cha Texas, mjini Austin, yamepewa majina ya watu waliotoa fedha. Uwanja wake wa besiboli una majina ya walimu wawili. Billy Disch alifundisha timu kuanzia 1911 hadi 1939. Bibb Falk akaipokea 1940 na kukaa nayo hadi 1967, ukiacha miaka ya vita aliyokuwa jeshini. Uwanja ulipofunguliwa 1975 uliitwa Disch-Falk, na hadi leo mtu wa Austin akisema anakwenda Disch-Falk, haulizwi anakwenda kufanya nini.

Niliishi jirani na uwanja huo mwanzoni mwa miaka ya 2000, nilipokuwa nasoma shahada ya pili. Uko mashariki ya barabara kuu ya I-35, upande wa mji ambao kwa miongo mingi ulikuwa makazi ya watu weusi. Msimu huanza Februari, baridi ikiwa bado haijakatika, na ikifika Mei jua linakaa kichwani kama la Tanga mwezi wa pili. Jioni, kabla sijafika langoni, nilisikia gongo likikutana na mpira: mlio mkali wa aluminiamu, kwa kuwa vijana wa vyuo hawatumii magongo ya mbao kama wachezaji wa kulipwa. Jukwaani watu walivaa rangi ya chungwa iliyokolea hadi kukaribia kahawia, wakamenya karanga, wakabishana kwa sauti ya chini.

Mimi nimekulia Tanga, na kwetu mpira ni kandanda. Nimezoea kwamba kocha akifungwa mechi tatu mfululizo, vijiweni watu wanaanza kuulizana ataondoka lini. Kwa hiyo kitu cha kwanza kilichonishika pale si kanuni za mchezo. Ni hesabu aliyonipa mzee mmoja niliyekuwa nakaa naye nyuma ya besi ya kwanza. Alikuwa Mmarekani mweusi, mstaafu wa posta, mzaliwa wa mtaa uleule. “Kijana wangu,” aliniambia, “tangu babu yangu akiwa na nguvu zake, hii timu imekuwa na makocha watano tu.” Akawahesabu kwa vidole: Disch, Falk, Blair Cherry aliyeshika nafasi ya Falk wakati wa vita, Cliff Gustafson, na huyu aliyekuwa mbele yetu wakati ule, Augie Garrido. Wanaume watano kuanzia 1911.

Nilivyoendelea kumsikiliza Mzee, niliona kwamba miaka yao mingi ni nusu tu ya habari. Nusu ya pili ni kwamba walileana. Falk alikuwa mtoto wa Austin, na besiboli ya chuo aliichezea mikononi mwa Disch. Mwaka 1920 alitoka moja kwa moja chuoni kwenda timu ya kulipwa ya Chicago White Sox. Huko, wachezaji waliotuhumiwa kuuza fainali ya 1919 waliposimamishwa, kijana huyu ndiye aliyeingia kwenye nafasi ya Joe Jackson, mmoja wa wapigaji wakubwa kuliko wote. Hakuiangusha nafasi hiyo. Alistaafu akiwa na wastani wa upigaji wa .314, kiwango ambacho wachezaji wengi wa kulipwa hawakifikii hata kwa msimu mmoja. Wenzake walimpa jina la Jockey kwa ulimi wake wa kuwachokoza wapinzani kutoka benchi, na ulimi huo alirudi nao nyumbani kufundishia.

Siku za Disch na Falk timu ilicheza Clark Field, uwanja uliokuwa na mwamba wa chokaa ndani ya eneo la mchezo, upande wa nyuma. Waliuita Billy Goat Hill. Mpira ukipigwa kule, mchezaji wa Texas alijua njia ya kuupanda mwamba kama mbuzi, na mgeni alibaki chini akikodoa macho. Mzee alinisimulia kilima hicho kwa mikono yake yote miwili, akinionyesha mchezaji alivyopita na mahali alipokanyaga.

Kisha akanieleza jambo ambalo hakutaka nilisahau. Falk alitwaa ubingwa wa taifa wa vyuo 1949, akautetea 1950, na hakuna chuo kilichokuwa kimewahi kuutwaa mara mbili mfululizo. Juni ya mwaka huohuo wa 1950, Mahakama Kuu ya Marekani iliamuru chuo kilekile kimpokee Heman Sweatt, mtu mweusi aliyekuwa amefungiwa mlango wa shule ya sheria. Wanafunzi weusi wa shahada ya kwanza waliingia 1956 tu. Maana yake timu zote za Disch, na zile za Falk zilizoleta makombe, zilikuwa za wazungu watupu, katika mji ambao mpango wake wa 1928 uliwasukuma watu weusi upande wa mashariki, huku tulikokuwa tumekaa. Mzee hakuyasema haya kwa hasira, na wala hakuyapunguza. Aliipenda timu na aliijua historia yake, na kwake mambo hayo mawili yalikaa pamoja bila kugombana. Tangu hapo sikuweza kulisoma jina la uwanja bila kuwakumbuka vijana ambao Disch na Falk hawakupewa nafasi ya kuwafundisha.

Gustafson naye alikuwa ameichezea timu ya Falk, ile ya 1952. Kabla ya kuipokea timu 1968 alikuwa mwalimu wa sekondari kusini mwa San Antonio, na ubingwa wa jimbo alikuwa ameshauchukua mara kadhaa. Alikaa hadi 1996. Mwaka uwanja mpya ulipofunguliwa, 1975, aliuzindua kwa ubingwa wa taifa. Mwaka 1983 akatwaa tena, na aliyerusha mpira katika mechi ya mwisho dhidi ya Alabama alikuwa Roger Clemens. Timu zake zilifika fainali za taifa za Omaha mara 17. Alipoondoka alikuwa na ushindi 1,427, na hakuna kocha wa daraja la kwanza la vyuo aliyekuwa amemfikia.

Hapo mnyororo ukakatika. Garrido hakulelewa na yeyote kati yao. Alikuwa mtu wa California, na makombe matatu alikuwa ameyatwaa na Cal State Fullerton. Wapenzi wa Texas walimpokea kwa macho ya kumpima. Msimu wake wa pili, 1998, alipoteza mechi 32 na kushinda 23. Mzee alikiri kwamba mwaka ule jukwaa lilinung'unika sana. Lakini chuo hakikumgusa.

Mimi nilifika baada ya manung'uniko hayo, nikamkuta kazini. Garrido alifundisha besiboli ya haba na haba. Badala ya kumwacha kijana apige kwa nguvu zake zote, mara nyingi alimtaka auguse mpira tu, udondoke karibu, yeye atolewe nje na mwenzake asogee besi moja mbele. Mwanzoni wageni wa mchezo hawaoni uzuri wake. Ukiuzoea mchezo huo, unaona vijana tisa wanaofundishwa kwamba zamu yako ya kung'ara inaweza kutumika kumsogeza mwingine. Nilipenda kumtazama mchezaji akirudi benchi baada ya kujitoa hivyo, kwa kuwa ndiye aliyepokelewa kwa mikono mingi zaidi.

Juni 2002 tuliitazama fainali kwenye runinga sebuleni kwa Mzee. Texas iliifunga South Carolina 12 kwa 6. Mchezaji bora wa mashindano alikuwa Huston Street, kijana wa mwaka wa kwanza aliyekuwa akiingia mwishoni kulinda ushindi. Mzee alisimama, akasema baba yake kijana huyo, James Street, alimrushia Gustafson mpira, na mwaka 1970 alicheza mechi nzima bila kumruhusu mpinzani hata mmoja kufika besi. Garrido, mgeni kutoka California, alikuwa ameupata ubingwa kwa mkono wa mtoto wa nyumba ya Gustafson. Nikaona kumbe mnyororo haukuwa umekatika. Ulikuwa umepitia mlango mwingine.

Mwaka 2003 Garrido aliivuka idadi ya Gustafson, na 2005 akaleta kombe jingine kwa kuifunga Florida. Aliacha kazi 2016 akiwa na ushindi 1,975, rekodi iliyodumu hadi Mike Martin wa Florida State alipoipita 2018, mwaka uleule Garrido aliofariki. Baada yake mambo yamekwenda kasi zaidi. David Pierce aliifikisha timu Omaha mara tatu, lakini alikaa misimu minane tu, kisha 2024 akachukuliwa Jim Schlossnagle kutoka kwa mahasimu wao, Texas A&M.

Mimi nilikuwa nimeshaondoka Texas zamani. Ila klabu zetu zinapobadilisha makocha kabla jasho la mazoezi halijakauka, huwa nayasema haya kwa yeyote anayetaka kunisikiliza. Makombe ya 2002 na 2005 yalipatikana mwaka 1998, siku viongozi wa chuo walipotazama vipigo 32 na kumwambia kocha wao aendelee kufundisha.