Hesabu za Upepo

Rafiki yangu mmoja huandika hadithi za kubuni. Hivi karibuni alinisimulia wazo jipya: chama cha wanazuoni wa milimani wanaopiga hesabu kwa kutumia upepo. Akaniuliza kama wasomaji wataamini. Nikamwambia mtu wa Lushoto ataamini haraka sana, kisha atauliza wanachama hao ni wa ukoo gani.

Usambara yenyewe ni hesabu ya kutoa. Upepo hutoka Bahari ya Hindi umebeba maji, ukagonga milima ya mashariki, ukapanda. Kila ukipanda mita 1,000 hewa hupoa kwa nyuzi kama 6, na ikipoa huanza kuangusha mzigo wake. Ndiyo maana Amani, upande wa mashariki, hupata karibu milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, na Lushoto kama nusu yake. Mombo, chini tambarare, hubaki na vumbi na mkonge. Sisi tunaishi kwa chenji. Kila mkulima wa kwetu, hata kama hajaenda shule, anajua kwamba upepo unaomfikia umeshapita dukani kwa mtu mwingine.

Babu, baba yake mama, alikuwa na hesabu yake. Kuanzia Septemba aliamka kabla ya jogoo, akasimama nyuma ya jiko akiangalia moshi. Upepo ukitoka upande wa Tanga, alitia punje moja ya mahindi kwenye kibuyu. Ukitoka kwingine, alitoa moja. Punje zikifika idadi fulani, maharage yalipandwa siku hiyohiyo, hata kama mbingu ni nyeupe. Majirani hawakumwuliza kitu. Walichungulia tu kama ametoka na jembe.

Ni idadi gani? Hakumwambia mtu. Nilipombana alicheka: “Mjukuu wangu, ukiijua utaacha kuamka mapema.” Alifariki nayo.

Usiri huo haukuanza na yeye. Katika milima hii mvua ilikuwa mali ya utawala. Mfalme wa Wakilindi, Simba Mwene, aliyekaa Vuga, ndiye aliyetazamwa kuwa mwenye mvua. Kwa Kisambaa mtu huyo aliweza kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, au kubana shi, kuiharibu. Mkubwa mmoja asiye na mpinzani aliiponya. Wakubwa wakishindana, nguvu kwa nguvu, watu walitegemea njaa. Kimweri ye Nyumbai alipofariki mwaka 1862, warithi waligombana, na wanyonge wengi wakaishia kuuzwa utumwani. Mwanahistoria Steven Feierman, katika kitabu chake cha mwaka 1990, aliwaita wakulima wa hapa wasomi. Nalipenda jina hilo. Lakini elimu ambayo huwezi kumwuliza mwenyewe ameipataje, mimi naiona iko karibu zaidi na kiti cha enzi kuliko na shule.

Teremka hadi pwani, ambako kaskazi na kusi ndizo zilizoendesha biashara, ukaone hesabu ya upepo iliyotembea mikononi mwa wengi. Mabaharia walihesabu mwaka kuanzia Nairuzi, siku ambayo Makunduchi bado huisherehekea kwa Mwaka Kogwa. Siku ziligawanywa katika miongo 36, kila mwongo siku kumi, kisha zikaongezwa tano. Nahodha alijua aondoke siku ya ngapi. Ahmad ibn Majid, nahodha wa Uarabuni, aliandika tarehe za kusafiri kwa siku za Nairuzi katika kitabu chake kikubwa cha karibu mwaka 1490.

Mwaka huo una kasoro ninayoipenda. Ni wa siku 365 tu, bila siku ya nyongeza, kwa hiyo huteleza siku moja kila miaka minne. Kwa miaka 100 ni siku kama 25, na jahazi linalofuata tarehe ya babu wa babu litakuta upepo umegeuka. Lakini namba zilitajwa, zikaandikwa, kwa hiyo aliyekuja baadaye aliweza kuziona zimekosea na kuzisogeza. Namba ya babu hatuwezi kuisogeza hata kwa siku moja, na vuli ya sasa siyo ile aliyoijua.

Mama siku hizi husikiliza utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa redioni. Huuheshimu, ila husema unamhusu mtu wa mkoa, na yeye ana shamba. Miaka mitatu iliyopita alianza kutia alama kwenye kalenda ya ukutani kila asubuhi upepo unapotoka upande wa Tanga, na siku ya mvua anaizungushia duara. Nikirudi likizo nazipiga picha kurasa hizo na kuzihamishia kwenye Excel. Mwaka wa kwanza alama zilikuwa tisa kabla ya mvua. Wa pili zilifika tisa, akapanda, maharage yakaungua. Mwaka jana alingoja hadi kumi na nne.

Kalenda ya mwaka huu ameitundika jikoni, karibu na mlango, na majirani wakija kuomba moto huisoma.