Wenye Kudai Elimu

Msomaji, neno mapinduzi likitajwa, aghalabu watu humfikiria mtu mwenye bunduki msituni au mwenye sauti kubwa uwanjani. Ni nadra kumfikiria mwalimu. Walakini katika nchi zetu za Afrika ya Mashariki wamepata kuwako watu walioliendea jambo la elimu kama mkulima anavyokiendea kisiki shambani: hawakuridhika kupunguza matawi, bali walichimba hata wakaifikia mizizi. Watu hao hawakuuliza tu madarasa ni mangapi na walimu hulipwa nini. Waliuliza shule ni ya nani, mtu asome ili iweje, na ni nani mwenye haki ya kuingia darasani. Nataka kukusimulia habari za baadhi yao, kwa sababu swali hilo la mwisho lilikuja kuulizwa hapa niliko, katika mji wa Eldoret, na aliyeliuliza hakuwa profesa wala waziri.

Zamani za ukoloni elimu ya Kenya iligawanywa kwa rangi ya ngozi. Uasin Gishu yetu ilikuwa sehemu ya nyanda za juu ambazo walowezi wa Kizungu walijitengea, na mji wenyewe ulichipuka penye shamba nambari 64, hata ukajulikana kwa nambari hiyo kabla ya kuzoeleka kwa jina la sasa. Mtoto wa mlowezi alikuwa na shule. Mtoto wa kibarua aliyelima ngano ya mlowezi huyo alikuwa na ng'ombe wa kuchunga. Mahali pengine nchini shule za Waafrika zilikuwako, lakini nyingi zilikuwa mikononi mwa wamisheni, nao ndio walioamua nani asome, asome nini, na aache mila gani kabla ya kukubaliwa.

Huko Kikuyuni wazazi wengi waligombana na wamisheni mwaka 1929 kwa sababu ya tohara ya wasichana, wakajitoa na kujenga shule zao wenyewe. Sisemi kwamba katika ugomvi huo wazazi walikuwa na haki. Mila waliyoitetea imekwisha kupigwa marufuku na sheria ya Kenya, na ni vizuri. Lakini kutokana na ugomvi ule lilizaliwa jambo kubwa kuliko ugomvi wenyewe. Watu wasio na fedha, wasio na kura, na wengi wao wasiojua kusoma, waligundua kwamba wanaweza kuwa na shule bila kumwomba mtu ruhusa ya kufikiri.

Shule hizo zilihitaji walimu. Mbiyu Koinange, mwana wa chifu, aliyezaliwa mwaka 1907, aliondoka mwaka 1927 kwenda kusoma Marekani, kisha Uingereza. Aliporejea mwaka 1938 angaliweza kutafuta kazi ya heshima na kukaa kivulini. Yeye alishika njia ya Githunguri, na mwaka 1939 chuo cha ualimu kikafunguliwa huko. Kilijengwa kwa michango ya watu wenyewe, rika moja likishindana na rika jingine kwa kutoa. Jomo Kenyatta, baada ya kurudi kutoka Ulaya mwaka 1946, akawa mkuu wake. Hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 1952, serikali ya kikoloni ilikifunga chuo pamoja na shule nyingi za kujitegemea. Fikiri, msomaji: serikali yenye ndege za vita ilikiogopa chuo chenye ubao na chaki. Woga huo hunionyesha thamani ya chuo kile kuliko sifa yoyote ninayoweza kuitoa.

Swali la pili, la kusoma ili iweje, halikupata mwulizaji mkali kuliko jirani yetu wa kusini, Julius Nyerere. Yeye alikuwa mwalimu kwa kazi kabla ya kuwa Mwalimu kwa heshima. Alifundisha Tabora na Pugu. Oktoba 1966 wanafunzi wa chuo kikuu cha Dar es Salaam waliandamana kupinga masharti ya utumishi wa taifa. Waliona kwamba msomi anadhulumiwa akikatwa sehemu ya mshahara wake. Nyerere aliwarudisha makwao mamia yao, kisha akaukata mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20. Machi 1967 akatoa waraka wake wa Elimu ya Kujitegemea. Alisema humo kwamba elimu ya kikoloni iliwapandisha wachache ngazi na kuwaacha walio wengi wakijihesabu kuwa wameshindwa, na kwamba shule ya msingi isiwe chumba cha kungojea shule ya sekondari, bali iwe elimu kamili kwa mtoto atakayeishi kijijini.

Wazo lilikuwa jema, na utekelezaji wake haukulifikia. Katika shule nyingi shamba la wanafunzi lilikuwa mahali pa kupelekwa mkosaji, na mtoto aliyefundishwa jembe kwa adhabu hawezi kulipenda. Mimi napenda zaidi jambo jingine alilolisema Nyerere mapema, mwaka 1964: kwamba taifa changa lianze na watu wazima, kwa kuwa watoto watakawia miaka mingi kabla ya kuugusa uchumi wa nchi. Mwaka 1970 ukafanywa mwaka wa elimu ya watu wazima. Mwaka 1973, katika kampeni ya Mtu ni Afya, watu wapatao milioni mbili walikutana kwa vikundi kuzunguka redio, wakasikiliza, wakajadiliana, kisha wakaenda kuchimba vyoo. Pengine wewe, uliyezoea kwamba somo huishia katika mtihani, utacheka ukisikia somo lililoishia katika choo. Usicheke upesi. Choo kile kilizuia kuhara.

Miaka ile Dar es Salaam ilitembelewa na mwalimu wa Kibrazili, Paulo Freire. Kwao, katika mji wa Angicos mwaka 1963, vibarua wapatao 300 walifundishwa kusoma kwa muda wa saa 40 hivi. Hakuwafundisha kwa vitabu vya watoto. Aliyachukua maneno ya kazi zao, kama vile tofali, akawauliza: tofali hili nani hulifyatua, na nyumba inayojengwa nalo nani hulala ndani yake? Mwaka uliofuata wanajeshi waliipindua serikali ya Brazili, naye akafungwa gerezani, kisha akaenda uhamishoni. Freire alifundisha kwamba mwanafunzi si mtungi mtupu wa kumiminiwa maji. Huja darasani na mambo anayoyajua, na mwalimu asiyeyajali hayo hufundisha utii tu.

Mawazo hayo yalifika kwetu Kenya pia, tena kwa gharama. Kamirithu, karibu na Limuru, ilikuwa na darasa la watu wazima tangu mwaka 1976, na miongoni mwa walioliongoza walikuwamo Ngũgĩ wa Mĩriĩ na Ngũgĩ wa Thiong'o. Vibarua na wakulima walipokwisha kujua kusoma waliuliza wasome nini sasa. Jibu lilikuwa mchezo wa kuigiza katika lugha ya Kikuyu, juu ya ardhi na ujira, walioucheza wenyewe mwaka 1977. Serikali iliupiga marufuku, na mwisho wa mwaka huo Ngũgĩ wa Thiong'o akawekwa kizuizini bila kushtakiwa, akakaa humo karibu mwaka mzima. Safari hii waliofunga mlango hawakuwa wakoloni.

Sasa turudi Eldoret. Januari 2003 serikali mpya ya Kenya ilitangaza kwamba elimu ya msingi ni bure. Watoto zaidi ya milioni moja waliokuwa nje walimiminika shuleni. Madarasa yakajaa, wengine wakaketi sakafuni. Mwaka mmoja baadaye, Januari 2004, shaibu mmoja alijiunga na darasa la kwanza katika shule ya msingi ya Kapkenduiyo. Jina lake lilikuwa Kimani Maruge. Hakuwa na karatasi ya kuonyesha umri wake, lakini alijihesabu kuwa mzaliwa wa mwaka 1920, basi alikuwa na miaka 84. Alikuwa amepigana katika Mau Mau, na baadhi ya wajukuu zake walisoma katika shule iyo hiyo. Alivaa sare kama wenzake: kaptura, soksi ndefu na sweta. Mwalimu mkuu, Jane Obinchu, alimpokea.

Sababu zake alizieleza wazi. Alitaka kuisoma Biblia kwa macho yake, ajue kama wahubiri huisema ilivyo. Tena alitaka kujua hesabu, asije akapunjwa ikiwa wapiganaji wa zamani watalipwa fidia. Zitazame sababu hizo vizuri. Mtu huyu hakuifuata shule ili aitwe msomi. Aliifuata ili asiwe tena chini ya rehema ya mwenye kumsomea na mwenye kumhesabia.

Walikuwako walionung'unika. Walisema mzee anachukua nafasi ya mtoto, na kwamba watu wazima wana madarasa yao. Neno lao si la kipuuzi. Palipo na wanafunzi themanini na dawati ishirini, kila kiti kina mdai. Lakini serikali ilipotangaza elimu bure haikuandika mlangoni umri wa mwisho wa kuingia. Maruge aliliamini neno lile kuliko wenyewe walivyoliamini. Mtoto wa kibarua aliyezaliwa mwaka 1920 alikosa shule kwa sababu shule haikuwa yake. Ilipokuwa yake akaambiwa kwamba amechelewa. Ni nani aliyemchelewesha?

Msomaji, mimi hufundisha darasa la ngumbaru hapa mjini, jioni mbili kwa juma. Siku ya kwanza huwauliza wanafunzi wangu kila mmoja amekuja kutafuta nini. Mzee mmoja alisema ana hati ya shamba ndani ya kasha la bati tangu ujana wake, naye hajapata kujua inasema nini ghairi ya alivyoambiwa. Mama mmoja muuza mboga alinyanyua simu yake, akasema, "Mwalimu, nimechoka kusomewa pesa zangu. Kila mtu sokoni anajua nina ngapi, isipokuwa mimi." Basi tukaanza na simu, tarakimu kwanza, majina baadaye. Mwezi wa tatu ujumbe uliingia tukiwa darasani. Aliuangalia kwa muda mrefu, midomo ikienda polepole. Nikainama ili nimsaidie. Akaifunika simu kwa kiganja. "La, Mwalimu," akasema, "hii ni yangu." Darasa zima likacheka, naye akacheka nalo, lakini kiganja hakukiondoa. Jioni hiyo nilikwenda nyumbani nimefurahi sana, kwa kuwa mwanafunzi wangu alikuwa amepata siri.

Maruge alisoma kwa bidii. Mwaka 2005 alichaguliwa kiranja mkuu, na Septemba ya mwaka huo alipanda ndege kwa mara ya kwanza maishani, akaenda New York katika mkutano wa Umoja wa Mataifa kusema juu ya elimu ya bure. Kisha zikaja fujo zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007. Mali yake iliibwa, naye akawa mkimbizi katika kambi. Mji uliomfundisha kusoma ulikuwa umegawanyika kwa makabila, na jirani alimwogopa jirani. Kambi ilikuwa umbali wa kilomita nne hivi kutoka shuleni, naye aliendelea kwenda darasani. Katika mwaka 2008 alihamia Nairobi, akakaa katika nyumba ya kutunzia wazee, akajiandikisha darasa la sita katika shule ya msingi ya Marura, Kariobangi. Mwaka 2009 alibatizwa akaitwa Stephen. Alifariki tarehe 14 Agosti mwaka huo kwa saratani ya tumbo, hajaufikia mtihani wa darasa la nane.

Watoto alioanza nao Kapkenduiyo mwaka 2004 walikuwa na miaka sita au saba. Waliosonga mbele bila kurudia darasa waliufanya mtihani huo mwaka 2011. Leo wanakaribia miaka thelathini, na wengine wao wanapeleka watoto wao wenyewe shuleni, nao wanaweza kuwasimulia juu ya mwanafunzi mwenzao aliyekuja darasani na mkongojo.