Kericho Ni Kwetu, na Sasa Nina Cheti

Nilizaliwa Kericho, katika kambi ya wafanyakazi wa shamba la chai. Baba na mama nao walizaliwa huko huko. Hata hivyo, nilikua hadi utu uzima, nikaolewa na kuzaa, bila kuwa raia wa Kenya wala wa nchi nyingine yoyote. Leo mimi ni raia kwa kuandikishwa. Natoa ushuhuda huu kwa ajili ya wale ambao bado wako pale nilipokuwa, na kwa ajili ya majirani wanaoishi nao bila kujua shida yao.

Babu yangu alitoka Rwanda enzi za ukoloni, wakati Wabelgiji wakitawala huko na Waingereza wakitawala huku. Kampuni za chai zilikuwa zimeingia Kericho katika miaka ya 1920, na zilitaka watu wa kufyeka, kupanda na kuchuma. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Babu alipewa jembe siku aliyofika, na hakuliweka chini hadi nguvu zilipomwishia.

Kenya ilipopata uhuru tarehe 12 Desemba 1963, Katiba ilimpa uraia moja kwa moja aliyezaliwa Kenya, mradi mzazi wake mmoja naye awe amezaliwa hapa. Baba alizaliwa Kericho, lakini wazazi wake walizaliwa Rwanda. Watu kama yeye waliachiwa miaka miwili waombe kuandikishwa. Babu hakujua kusoma, na habari hiyo haikumfikia kambini. Miaka miwili ikapita. Baba akakua bila karatasi, nami nikazaliwa na mzazi asiye na karatasi.

Mtu mwenye kitambulisho mfukoni hajui ni mambo mangapi yanakitegemea. Kazi ya kudumu sikuipata. Nilikuwa kibarua wa msimu, majani yakipungua naambiwa nirudi nyumbani. Laini ya simu niliyotumia iliandikishwa kwa jina la jirani, kwa hiyo hata pesa zangu za M-Pesa zilikuwa zake kisheria. Benki hazikunitaka. Chama cha akina mama kilinipokea, lakini mkopo wa jina langu haukuwezekana. Kwenye matatu ya kwenda Litein, nikiona askari wamesimamisha gari, moyo ulinidunda.

Lililotuumiza zaidi ni nyumba. Nyumba ya kampuni ni ya anayefanya kazi. Baba alipostaafu tulitakiwa kutoka, na hatukuwa na hata kipande cha ardhi, kwa sababu hati ya shamba haitolewi kwa mtu asiye na kitambulisho. Mzee aliyechuma chai maisha yake yote aliishia katika chumba cha kupanga, akiuliza atazikwa wapi.

Mabadiliko yalianza na sheria. Sheria ya Uraia na Uhamiaji ya mwaka 2011 iliwatambua watu wasio na nchi ambao wameishi Kenya mfululizo tangu uhuru, pamoja na vizazi vyao. Mwombaji alitakiwa ajue Kiswahili au lugha ya hapa, asiwe amefungwa jela miaka mitatu au zaidi, aelewe wajibu wa raia, na awe na nia ya kuendelea kuishi Kenya. Nilipoelezwa masharti hayo nilishangaa. Kipsigis nilijifunza nikiwa mtoto mchezoni, Kiswahili shuleni, na sikuwahi kuwa na nia ya kuishi kwingine.

Lakini kati ya kuijua sheria na kuingia ofisini kulikuwa na woga. Tulilelewa tukiambiwa tusijitaje. Wamakonde, jamii nyingine iliyokuwa bila uraia, ndio walionitia moyo. Oktoba 2016 walitembea kutoka Kwale hadi Nairobi kudai uraia, na mapema mwaka uliofuata wakaanza kupewa vitambulisho. Nilijiambia, kama wao wametembea safari yote ile, mimi nitashindwaje kufika kwa chifu?

Tulikusanya tulichokuwa nacho: kadi ya ubatizo ya baba, kadi za kliniki, karatasi chakavu za mshahara wa babu. Barazani aliitwa mzee wa Kikipsigis kutoa ushahidi. Alisimama akasema, "Babake huyu tulichunga naye ng'ombe tukiwa wavulana. Kama yeye ni mgeni, basi na mimi ni mgeni." Watu wakapiga makofi, na naibu chifu akaandika.

Siku ya alama za vidole nilimpeleka mama. Karani alimpaka wino na kukandamiza kidole chake kwenye fomu, likatoka doa jeusi lisilo na mstari hata mmoja. Alimfuta, akarudia, ikawa vile vile. Utomvu wa majani ulikuwa umeingia ndani ya ngozi, na ncha za vidole zilikuwa zimelika kwa kuchuma miaka na miaka. Yule karani hakumkaripia. Alimpa mafuta ya kujipaka, akamwambia, "Kaa kidogo, mama, ngozi ilainike." Alama zilitoka baadaye, hafifu lakini zinasomeka.

Tukangoja. Tarehe 12 Desemba 2020, Rais Uhuru Kenyatta alitangaza uraia kwa watu 1,670 wa jamii ya Washona, ambao nao hawakuwa na nchi, na watu 1,300 wenye asili ya Rwanda. Tulisikia redioni. Mama alilia kwa sauti. Baba alikuwa ameshafariki.

Sasa nina cheti cha uraia na kitambulisho, na laini ya simu ni yangu. Wanangu wana vyeti vya kuzaliwa na wanafanya mitihani bila kubembeleza mtu. Agosti 2022 nilipanga foleni nikapiga kura. Tumenunua kiwanja kidogo, na hati imeandikwa jina letu.

Lakini si wote wa kwetu waliofikiwa. Muda wa kuomba chini ya sheria ile ulikuwa miaka mitano, ukaongezwa mitatu, ukaisha Agosti 2019. Wapo ambao hawakusikia, kama babu alivyokosa kusikia.

Nawaomba wabunge wetu, wa Kericho na Bomet kwanza, waifungue tena nafasi hiyo na wasiiwekee kikomo. Nawaomba machifu wapeleke habari mpaka kambini. Jirani, ukiitwa barazani kumtolea mwenzako ushahidi, nenda. Nawe uliyejificha, tunza kila karatasi yenye jina la wazazi wako, jitokeze, useme ulikozaliwa. Kericho ni kwenu pia.