Nyimbo na Nyumba Zetu

Katika nyumba nyingi za hapa Mazimbu twasikia lalamiko moja: kwamba nyimbo za kwenye simu zinawaharibu watoto, usemi wao na mavazi yao. Wengine hutaka sisi walimu tuzikataze. Twauheshimu uchungu wao, lakini jambo hili si geni katika Morogoro.

Wazee wa Uluguru walifundisha kwa ngoma. Mwali aliimbiwa yale ambayo mama yake aliona haya kumwambia kwa maneno matupu. Kisha zikaja sahani za santuri. Vijana wa mjini wakasikia muziki wa Kuba, wakaupenda, ingawa lugha yake hawakuijua. Mmoja wao alikuwa Salum Abdallah, ambaye mwaka 1948 alianzisha kikundi kilichokuja kuitwa Cuban Marimba. Mahadhi aliyachukua kwa wageni, maneno akayatia Kiswahili chetu. Baada yake akavuma Mbaraka Mwinshehe wa Morogoro Jazz, aliyefika hata Osaka, nchi ya Japani, katika maonyesho ya dunia ya mwaka 1970. Alipofariki kwa ajali ya gari huko Mombasa, Januari 1979, wimbo wake “Shida” ulikuwa umekwisha kuenea Afrika ya Mashariki.

Na hapa Mazimbu penyewe, wapigania uhuru wa Afrika ya Kusini walikuwa na shule yao, iliyoitwa kwa jina la Solomon Mahlangu, katika shamba la zamani la mkonge, tangu mwaka 1978 hata 1992. Lugha yao hatukuielewa. Lakini tulipokuwa watoto tulistaajabu kusikia mahadhi ya wimbo wetu wa taifa yakitoka vinywani mwa wageni! Kumbe yalikuwa yao kwanza. Enoch Sontonga aliyatunga mwaka 1897, yakawa wimbo wa kanisani kabla ya kuwa wa mataifa.

Basi kitu kutoka mbali hakitutishi sana. Tofauti twaiona kwingine. Siku zile redio ilikuwa moja, tena mara nyingi ya jirani, na televisheni haikuwako Tanganyika mpaka mwaka 1994. Alichosikia mtoto, baba alikisikia. Neno baya likipita, mzee alikohoa, nasi tukaelewa. Leo mtoto ana waya masikioni, baba ana simu yake, mama ana yake. Wote wameketi mkeka mmoja, na kila mtu yuko nchi yake. Nani atakohoa?

Jioni moja tulimwambia binti yetu atoe waya, nyumba nzima isikie. Aliona haya. Wimbo wa pili aliuruka upesi, nasi hatukumwuliza neno. Wa tatu ulikuwa wa kijana anayemlilia mama yake aliyefariki. Bibi akaacha kuchambua mchicha, akaomba urudiwe. Maneno mengine hakuyafahamu, binti akamfasiria moja moja, akijikuta yeye ndiye mwalimu.

Kisha akatugeukia: “Baba, babu alikukataza kuimba ‘Shida’?”

Tukamjibu kweli, kwamba babu mwenyewe ndiye aliyekuwa akiuimba shambani, nasi tukiitikia nyuma yake. Bibi akacheka, akasema babu hakupata kuyajua maneno yake yote.