Ndovu wa Blanketi

Wapendwa, nimeulizwa mara nyingi: kijana wa kwaya ana kazi gani na filamu za kuchekesha? Jibu langu liko shambani.

Sisi wa Sagalla, karibu na mbuga ya Tsavo, hatuhitaji kusimuliwa habari za ndovu. Ndovu mmoja aweza kula hadi kilo 150 kwa siku. Akiingia kwenye mahindi yanayokaribia kukomaa, karo ya watoto imekwenda usiku mmoja. Mwenye shamba hulia, kisha huwaza sumu na mishale.

Filamu zetu ni za dakika nne au tano. Kamera ni simu iliyofungwa kwa mpira kwenye mpini wa jembe. Ndovu ni vijana wawili chini ya blanketi la kijivu, mkonga ni mpira wa kumwagilia maji, na sauti yake ni mjomba anayepuliza ndani ya ndoo. Katika filamu moja ndovu anapiga hodi kwa adabu na kuuliza mahindi yataiva lini. Anaelekezwa kwenye uzio wa mizinga, ule ambao mtafiti Lucy King aliufanyia kazi hapa kwetu pamoja na wakulima. Ndovu anagusa waya, mizinga inayumba, nyuki wanatoka, na nusu mbili za ndovu zinakimbia kila moja upande wake.

Tulipoionyesha kwenye shuka ukumbini mwa kanisa, watu walicheka mpaka machozi. Mama mmoja mjane hakucheka. Shamba lake lilikuwa limekanyagwa juma hilo. Baada ya maombi aliniita.

"Mwanangu, huo waya mliufunga vipi?"

Nilimweleza, na Jumatatu tukaenda kwake na mizinga miwili ya kuanzia. Sikumficha kwamba wakati wa ukame mizinga huweza kubaki mitupu. Akasema afadhali alinde kwa nyuki kuliko kwa sumu, maana sumu haichagui ndovu, mbwa wala mtoto.

Zaburi ya 104 inatuonyesha wana-simba wakimwomba Mungu chakula chao, na Lewiathani aliyeumbwa acheze baharini. Mimi husoma pale nikaona Mungu anayefurahia viumbe vyake. Lakini Mungu huyo huyo ni mtetezi wa wajane. Ndovu ana njaa, na mjane ana njaa, na wote wawili wanamtazama Yeye. Imani yangu hainiruhusu kumsahau mmoja ili nimpende mwingine.

Ndiyo maana tuna sheria moja: katika filamu zetu hatumcheki aliyepata hasara. Anayeanguka matopeni ni ndovu wetu, au ni sisi wenyewe. Mtu aliyecheka na jirani yake huwa tayari kumsikiliza, na hapo ndipo habari ya uzio hupata nafasi, hata kwa yule aliyekuja na hasira.

Tuombeeni, wapendwa. Na mwenye blanketi la kijivu asilolihitaji atukumbuke, kwa kuwa ndovu wetu ameraruka mgongoni.